Uzito wa Mzee Geng

Mzee Geng alifariki kitandani mwake wakati wa baridi kali, akazikwa, na kabla theluji haijayeyuka alikuwa amesharudi bustanini. Hakuonekana kwa macho. Aliyemtambua ni Pei Cuirong peke yake, na alimtambua kwa viganja.

Miaka mingi wawili hao walikuwa wakifanya taichi, mazoezi ya Kichina ya miondoko ya polepole, kila alfajiri chini ya mierebi ya kando ya mto, mjini Handan. Cuirong alistaafu kutoka kiwanda cha chuma akiwa na kizunguzungu cha kumwangusha hata jikoni, na Geng ndiye aliyemfundisha upya kusimama. Baada ya mazoezi ya pamoja wazee hugawanyika wawili wawili, wakagusanisha vifundo vya mikono na kusukumana polepole, kila mmoja akitafuta uzito wa mwenzake ulipo. Ukishindana naye unaanguka; ukimsikiliza unasimama. Cuirong aliujua uzito wa Geng kuliko alivyoujua wa marehemu mumewe. Ulianzia kisiginoni, ukapanda kiunoni, ukasita kidogo kwenye bega la kulia lililowahi kuteguka, ndipo ukamfikia.

Asubuhi moja ya ukungu hakuwa na mwenzake. Aliinua mikono kwa mazoea tu, nayo ikapokelewa. Msukumo ukaja, ukasita pale pale, ukafika. Akili ikamwambia akimbie, lakini kiuno chake kilikuwa kimeshageuka kuupokea, kama kilivyozoea.

Tangu hapo hakukosa hata siku moja. Jirani yake, Sui Fengxia, ndiye aliyekuwa wa kwanza kuuliza.

"Dada Pei, unaegemea nini?"

"Siegemei kitu."

"Usinifanye mtoto. Umelala kama ngazi iliyoegemezwa ukutani, na ukuta wenyewe siuoni."

Mzee Lou, ambaye mdomo wake haukuwa na kufuli, akadakia, "Mwache mwenzio. Amepata mume asiyekula wala kukoroma."

Walicheka. Lakini kesho yake Lou alihamia upande wa daraja, na wengine wakamfuata mmoja mmoja, mpaka chini ya mierebi akabaki Cuirong na yule asiyekuwepo.

"Unataka nini, Geng?" alimwuliza. Jibu lilikuwa msukumo tu. Akirudi nyumbani viganja vilikuwa na ganzi hadi adhuhuri, vijiti vya kulia chakula vikimponyoka, na uji wa mtama ukipoa mbele yake. Alikonda. Kizunguzungu, hata hivyo, hakikumgusa.

Siku ya kufagia makaburi ilipofika, mtoto wa Geng, Lizhou, alikuja kutoka kusini anakofanya kazi. Baba alipokufa alichelewa, akakuta kaburi limeshafukiwa. Alimfuata Cuirong bustanini mapema, koti bado lina harufu ya karatasi wanazochomewa wafu makaburini.

"Shangazi, wewe ndiye uliyekuwa mwenzake baba?"

"Ndiye mimi."

"Nimefagia kaburi, nimechoma karatasi, nimeinama. Sikuhisi chochote. Nilisimama pale kama mtu anayengoja basi." Akatazama chini. "Nionyeshe alichokuwa anafanya."

"Unaondoka lini?"

"Kesho."

"Kufikia kesho hutakuwa umejua hata kusimama."

"Basi nisukume tu, shangazi."

Waligusanisha mikono. Kijana alikuwa mgumu kama mlango uliovimba kwa mvua. Cuirong alikuwa anataka kumwambia alegeze magoti, aliposikia uzito alioujua ukija, safari hii kutoka nyuma yake. Ulimpanda mgongoni, ukapita mabegani, ukatoka kwa viganja vyake. Akawa bomba tu la kupitishia maji.

Lizhou alifumba macho. "Linasita," alisema kwa sauti ndogo. "Bega lake. Akininyanyua nikiwa mdogo lilikuwa linasita hivi hivi."

Machozi yakamtoka. Na uzito ule ukamwacha Cuirong wote kwa mara moja, akaanguka nyasini. Alipoinua kichwa, kijana alikuwa bado ameinamia mbele, mikono imenyooka, kiasi ambacho mtu hawezi kuinama asianguke.

Lizhou alipanda treni kesho yake. Cuirong aliinua mikono chini ya mierebi, akashika hewa. Dunia ikamzunguka, akaukumbatia mti, akalia kilio ambacho hakukilia mazishini. Fengxia akaja mbio kutoka darajani.

"Nani kakusukuma?"

"Hakuna mtu. Hakuna mtu kabisa, Fengxia."

Fengxia alimtazama, akaweka chini mfuko wa mboga, akanyoosha mikono yake minene. "Mimi sijui sana," alisema. "Njoo hivyo hivyo."

Walianza upya, wakikanyagana. Maua ya mierebi yalikuwa yanapeperuka kama pamba simu ya Lizhou ilipoingia.

"Shangazi, yuko hapa. Nikisimama sebuleni alfajiri, anakuja. Mke wangu anaogopa. Nifanyeje?"

Lililomjaa Cuirong kifuani lilikuwa wivu, na alishangaa kulikuta humo. Alitaka kumwambia, mrudishe. Badala yake alisema, "Usishindane naye. Na uvae viatu vya soli nyembamba, uisikie sakafu."