Mikwaju Mia Tatu Tisini na Tisa ya Arimoto

Kuzuhara, meneja wa Dubu, timu pinzani ya besiboli, alikuja mwenyewe hadi chumba cha kubadilishia nguo, na boksi la manju, vile vitumbua vya maharage matamu, mkononi. Arimoto Gengo alikuwa anafunga kamba za viatu, na kwa magoti yale, kufunga kamba ilikuwa kazi ya kupumzika katikati.

"Arimoto," alisema Kuzuhara, akainama na kuliweka boksi kwenye benchi. "Miaka ishirini na miwili si mchezo. Leo usiwe na wasiwasi. Nimeshaongea na kijana wangu. Utaletewa mipira iliyonyooka tu."

"Nani kakuomba?"

"Haombi mtu. Ndivyo tunavyoagana."

Na kweli, ndivyo wanavyoagana. Mpigaji anapostaafu, mrushaji wa upande wa pili humletea mipira iliyonyooka, ya katikati, isiyo na hila, ili mkongwe aondoke na mkwaju mmoja wa kukumbukwa. Hakuna anayelisema kwa sauti na hakuna asiyelijua. Mji mzima wa Moji ulijaa uwanjani Jumapili ile ya Oktoba kuja kula karamu hiyo, kwa sababu Arimoto alikuwa ameuvusha mpira ukuta mara mia tatu tisini na tisa. Ulibaki mmoja. Taulo zenye namba mia nne zilikuwa zimeshachapwa, zinauzwa mlangoni karibu na oden, mchuzi wa moto wa figili na mayai.

Arimoto alisimama, akamtazama mgeni wake usoni. "Mwaka ule mliniogopa. Leo mnanihurumia. Afadhali mwaka ule."

Kuzuhara aliinama tena na kutoka.

Mwaka ule kila mtu aliujua. Ilikuwa miaka kumi na mitatu nyuma, wakati Kuzuhara naye akiwa mpigaji wa Dubu. Msimu huo yeye alikuwa na mikwaju arobaini na moja ya kuvusha ukuta, Arimoto arobaini, na zilibaki mechi mbili za mwisho, zote dhidi ya Dubu. Mara nane Arimoto alisimama kupiga, na mara nane Dubu walimrushia mipira minne ya pembeni kabisa, mbali hata na mtu mwenye mkono wa ngazi. Ukirushiwa hivyo unapewa besi ya kwanza bure, unaenda kwa miguu, na hujapiga kitu. Taji la mikwaju likabaki kwa Kuzuhara, aliyeyatazama yote hayo mikono mfukoni. Ilikuwa desturi pia. Timu hulinda mtu wake.

Sasa huyohuyo aliyemnyima kwa kumpa, alitaka kumpa tena. Kuna watu hawajifunzi.

Na Arimoto hakuwa mtu wa kupewa. Alizaliwa kwenye mji wa makaa ya mawe wa Chikuho, mama yake akichambua mawe kutoka kwenye makaa mpaka kucha zikaisha, yeye akipiga vipande vya kaa kwa mpini wa sururu nyuma ya nyumba. Korongo, timu ya Moji, walipomchukua akiwa na miaka kumi na minane, alifua soksi za wakubwa miaka miwili kabla ya kuguswa na jua la uwanjani. Mpira ulimvunja taya akiwa na ishirini na nne, ukaondoka na meno manne. Mwezi mmoja baadaye alirudi, na badala ya kusimama mbali zaidi kama mtu mwenye akili, akasogea karibu kwa nusu hatua. Kukimbia tu ndiko kulikomshinda. Alipouvusha mpira alizunguka besi kama mtu anayekwenda bafu la mtaani, na watu wa Moji walisema Arimoto hana miguu, ana nguzo.

Asubuhi ile mkewe, Fusae, alikuwa amemwambia wakati akifunga wali kwa mwani, "Baba, leo usilete ukaidi. Piga tu, twende nyumbani. Mia nne ni mia nne. Nani atauliza?"

"Mimi nitauliza."

"Basi utakuwa peke yako."

"Nimezoea."

Mara ya kwanza alipoingia kupiga, mrushaji wa Dubu alimvulia kofia. Aliitwa Nezu, ana miaka ishirini na miwili, na msimu huu hapakuwa na mtu aliyeweza kuupiga mpira wake wa uma. Ule hushikwa kwa vidole viwili vilivyopanuliwa. Huja kama umenyooka, na ukifika kwa mpigaji unazama. Lakini Nezu alirusha ulionyooka, laini, katikati.

Arimoto aliuacha rungu likiwa begani.

"Kosa!" alipiga kelele mwamuzi.

Akauacha wa pili. Akauacha wa tatu. Makosa matatu, umetoka. Alirudi kukaa, na uwanja ukanong'ona kwamba labda mzee macho yamekwisha. Mara ya pili akafanya vilevile, na safari hii hawakunong'ona.

"We Arimoto! Umelala?"

"Tumelipa kiingilio, mzee! Punga hata hiyo mikono!"

Meneja wake mwenyewe alimfuata hadi kwenye benchi, uso umemwiva. "Unatutia aibu. Watu wameleta mpaka bibi zao."

"Bibi zao wamekuja kuona besiboli," alisema Arimoto. "Waonyesheni."

Alisema kwa kiburi, lakini hesabu aliijua. Ilibaki zamu moja tu. Akiiacha mipira hii, ataondoka akiwa mzee aliyesimama kama mlingoti mara tisa. Akiupiga, ataishi na mkwaju wa kuazima, na wahenga walishasema nguo ya kuazima haisitiri matako.

Zamu ya mwisho ilifika, besi zote ziko tupu. Mdakaji wa Dubu, aliyechuchumaa nyuma yake, alikuwa Shirakabe, aliyewahi kuwa mchezaji chipukizi chini yake pale Korongo, na aliyemfulia soksi kama yeye alivyofua za wengine.

"Kaka mkubwa," Shirakabe alinong'ona, "nakuomba. Unaokuja ni ulionyooka, usawa wa mkanda. Mwanangu ameshika taulo huko juu."

"Mwambie afutie jasho."

Kosa la kwanza. La pili.

Hapo Arimoto alitoka kwenye mstari. Aliliegemeza rungu kwenye paja, akainua mkono wa kulia juu ya kichwa, mbele ya watu elfu ishirini, akapanua vidole viwili kadiri vilivyoweza. Lete wa uma.

Nezu alimtazama meneja wake, Kuzuhara akatazama ardhi, hakukataza. Shirakabe akatoa ishara ya mpira ulionyooka. Nezu akatikisa kichwa. Akatoa tena. Nezu akakataa tena, kijana kumkatalia mkubwa wake hadharani, na mara ya tatu, na ya nne.

"Hee!" alisema Shirakabe. "Umeniharibia mtoto."

"Huyo sasa ni mrushaji," alisema Arimoto, na furaha ilimpanda mpaka kooni.

Mpira ulikuja. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye aliinama kwa magoti yote mabovu, akazungusha rungu kwa nguvu za miaka ishirini na miwili, mpaka goti moja likagusa mchanga. Akapiga upepo. Mpira ulizama chini ya rungu, ukadunda ardhini, ukampita Shirakabe katikati ya miguu.

Kosa la tatu. Lakini sheria ni sheria: mdakaji akiukosa mpira huo, mpigaji bado ana haki ya kuikimbilia besi ya kwanza, mpaka mpira umtangulie.

Katika miaka ishirini na miwili hakuna aliyemwona Arimoto akikimbia kwa ajili hiyo. Sasa alikimbia. Alikimbia kama kabati linaloshuka ngazi, kofia ngumu imeruka, pumzi zinapiga mluzi. Shirakabe aliuokota mpira, akasimama nao. Angeweza kusubiri. Nani angemlaumu?

"Rusha!" Arimoto alinguruma bila kugeuka. "Rusha, mpumbavu wee!"

Shirakabe akarusha, huku machozi yanamtoka. Mpira ulimtangulia kwa hatua mbili. Arimoto aliivuka besi, akaanguka kifudifudi, na mwamuzi akakunja ngumi. Ametoka.

Kisha bibi mmoja nyuma ya benchi alisimama akapiga makofi, na baada yake uwanja wote.

Kuzuhara ndiye aliyeleta maua, kama desturi inavyotaka. Aliinama chini sana, akakawia kuinuka.

"Ya mwaka ule," alisema, "nisamehe."

"Leo umenirushia," alisema Arimoto, akayapokea.

Walipompa kipaza sauti, hotuba aliyoandikiwa ilikuwa mfukoni, imelowa jasho. Hakuitoa. Alimtafuta Fusae kwa macho, akamwona amejifunika uso kwa taulo ya mia nne.

"Mia tatu tisini na tisa," alisema Arimoto. "Nendeni mkahesabu. Hamtakuta hata mmoja niliopewa."