Ndugu Wawili Ndani ya Adela

Carlisle na mdogo wake Burney, wote manahodha wa kisiwa cha Cayman Brac huko Karibi, hawakuwa wakisemeshana tangu baba yao azame. Wimbi lilimtupa mzee baharini Burney akiwa kwenye usukani, na Carlisle aliamini kuwa mdogo wake aliacha kutafuta mapema mno.

Msimu mmoja wa kuvua kasa, Carlisle aliona mbao za merikebu ya Burney zikielea karibu na miamba ya Kuba. Upepo ulikuwa mkali, lakini aligeuza merikebu yake, Adela, akatafuta mpaka akamkuta Burney na wenzake wameng'ang'ania kipande cha mlingoti.

Walipokwisha kupata nguo kavu, ndugu hao walizungumza kupitia kwa Osbert, mpishi wa Adela.

"Osbert, mwambie nahodha wako chai hii haina sukari."

"Mwambie mgeni wetu sukari ililowa tukimtafuta yeye."

"Ambianeni wenyewe, mimi nina samaki jikoni," Osbert akasema, akaondoka.

Kisha Burney akauliza, "Mabaharia wako hawakukuambia urudi?"

"Waliniambia. Sikuwasikiliza."

"Siku ile ya baba, wangu waliniomba turudi. Walikuwa wanalia, kaka. Nikageuza."

Carlisle alishusha kikombe. "Mbona hukuniambia?"

"Ulinipa nafasi?"

Carlisle akammiminia chai nyingine.

Adela ilipokaribia Brac, watu waliokuja ufukweni waliwasikia manahodha wawili wakibishana, uso kwa uso, juu ya mahali pa kutia nanga.