Mkono wa Bibi Tusajigwe

Zebedayo hakuwa mtu wa kuamini karatasi. Matangazo ya kata aliyapinga, risiti alizihoji, hata kalenda ya ushirika aliihesabu siku moja moja asije akapunjwa Februari. Lakini kile kikaratasi kwenye kabati la kioo, mapokezi ya hoteli moja ya Matema, alikiamini palepale: CHUNGU CHA KALE CHA WAKISI.

Ndicho hiki, alijiambia. Mwaka 1978 mtafiti mmoja aliazima chungu cha bibi yake, Tusajigwe, akipeleke kwenye maonesho, na mpaka leo yuko njiani kukirudisha. Tangu hapo hakuna mkutano Kyela, uwe wa kokoa, wa maji au wa harusi, ambao Zebedayo hakusimama akausimulia wizi ule. Watu wa kijijini kwake, Mbugani, walimchoka, wakamwambia akilete hicho chungu Jumamosi, la sivyo anyamaze moja kwa moja. Akaapa atakileta.

Wizi alioupanga wiki mbili ulichukua dakika tano, mchana kweupe. Kabati halikuwa na kufuli. Mlinzi wa getini, Lazaro, alipomwona mzee mzima anahangaika na chungu, alimsokotea ngata akamtwisha. Mwizi akamshukuru kwa adabu zote: ndaga fijo, mwanangu.

Akakipeleka Lyulilo kwa shangazi yake Kisa, mfinyanzi, awe shahidi wake. Shangazi alikipindua, akapitisha kidole ndani.

"Hiki nimefinyanga mimi, mwaka juzi."

Zebedayo akamweleza habari ya kikaratasi.

"Zebe, mama alikuwa mashoto. Vyungu vyake ukipapasa ndani, alama za vidole zinaelekea upande wa pili. Kila binti hapa anajua. Miaka yote hii unakililia, hukuwahi hata siku moja kumwoshea mama chungu?"

Hakuwahi. Vyungu ilikuwa kazi ya wanawake. Yake ilikuwa hasira.

Shangazi akamwambia hoteli ile ni mteja wake, akirudishe leo hii, na wakibandue hicho kikaratasi, maana yeye bado hajawa wa kale. Akakirudisha.

Jumamosi, kwenye mkutano wa Mbugani, meza ilikuwa tupu, na Shangazi Kisa alikuwa amekuja kusikiliza. Zebedayo alisimama akaeleza yote, pamoja na kutwishwa na mlinzi. Walicheka mpaka mwenyekiti, Jubilate, akavua miwani afute macho. Kisha Prisca muuza mchele akauliza cha bibi kilikuwaje hasa, maana mwanawe anasoma Ulaya, angeweza kukitafuta kwenye makumbusho ya huko.

Zebedayo alifungua mdomo. Tarehe alikuwa nayo. Mvua ya siku ile alikuwa nayo, na rangi ya shati la mtafiti, na uongo wake wote neno kwa neno. Chungu chenyewe hakuwa nacho.

"Muulizeni shangazi," akasema, akaketi.

Mwenyekiti alisubiri kidogo, kwa mazoea, aone kama atasimama tena. Kisha akampa Shangazi Kisa nafasi.