Kasha la Bi Zubaida

Rizuane alikwisha kuandika habari za maktaba za nchi nzima, za serikali, za misheni, za shule, ikabaki sura moja tu: vitabu vya majumbani kwao Palma, mji wa pwani ya kaskazini. Hiyo, wallahi, aliikwepa kwa miaka. Maana kasha la maandishi lililosifika kuliko yote lilikuwa la mama yake, Bi Zubaida, aliyetunga nyimbo za harusi na kuziandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu. Bi Zubaida alipofariki, mwanawe alikuwa mkutanoni Maputo. Wakamzika bila yeye. Asiyekuwapo na lake halipo.

Leo ndiyo kaja, anapiga hodi kwa mama yake mdogo, Atija.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba, doutor, msomi mkubwa. Kumbe njia unaijua?"

Rizuane akaketi. Ndugu wengine vita viliwatawanya, na mtaani kote alisalimiwa kama mgeni. "Nimefuata kasha la mama. Nataka niuone mwandiko wake."

Atija akaweka ungo chini. "Tulipokimbia vita, kasha halikubebeka. Nikayatoa makaratasi, nikayavika sanda, nikayafukiza udi, nikayazika nyuma ya nyumba, kama tuzikavyo msahafu uliochakaa. Maneno ya Mungu hayaachwi yakakanyagwa."

"Mama mdogo! Zile zilikuwa nyimbo za harusi!"

"Mimi nitajuaje? Naona herufi za msahafu, na kusoma sijui. Ungekuwapo, ungeniambia."

Neno hilo lilimchoma, kwa kuwa lilikuwa kweli.

Wakachimba. Ah, mchwa hana haya, hajali mshairi wala msomi! Ilitoka sanda iliyooza, na ndani yake udongo mweusi unaomomonyoka. Rizuane akaupekua kwa vidole akitafuta walau herufi moja. Hakuna kitu. Mtu mzima, msomi wa watu, akapiga magoti pale shimoni akalia kwa sauti.

Atija hakumnyamazisha. Alingoja mpaka kwikwi zikapungua, kisha akamshika bega.

"Siku ya maziko kila mtu alimtilia mchanga mamako, isipokuwa wewe. Haya, baba, tia."

Rizuane akaurudisha ule udongo ndani ya sanda, akateka mchanga kwa viganja, akatia. Atija akasoma Fatiha. Walipoitikia amina, mama mdogo akarudi kwenye ungo wake. Rizuane akabaki amesimama na mikono yake michafu; waliozika hurudi nyumbani kwao kunawa, na yeye mjini hapo hana tena nyumba ya kwenda kunawa.