Mzee Taban Alipoinua Mkono

Nasema wazi: nilimwonea Heritier wivu, na mpaka leo haujanitoka.

Miaka tisa nilimbebea Mzee Taban gitaa lake. Kutoka kwake Mbuya hadi kila harusi na kila matanga, mimi nyuma yake, nikipiga nyimbo zake kama alivyozitunga, bila kubadilisha hata neno. Vidole vyake vilipoanza kukakamaa, wanamuziki wote walijua gitaa lile lingehitaji mmiliki mpya. Nani tena kama si mimi, Mumbere?

Ndipo akazuka Heritier, mchekeshaji wa Kikongo mwenye miguu ya korongo. Kila Jumapili alasiri alisimama kwenye ukumbi mmoja wa Kabalagala, akichukua nyimbo za watu na kuzitia maneno yake ya upuuzi. Watu walivunjika mbavu. Miaka miwili tu, picha zake zilikuwa zimebandikwa kwenye nguzo za jiji zima, mpaka Lubaga. Mimi bado nabeba gitaa.

Kisha akaugusa wimbo wa mzee, ule wa mume anayemngojea mkewe. Mzee aliutunga baada ya vita, mkewe amepotelea huko na hajulikani aliko mpaka leo. Heritier alimtoa mke akaweka umeme uliokatika mtu akipiga pasi. Mungu anisamehe, nilifurahi. Sasa nilikuwa na pa kumshikia.

Ukumbini pale wana desturi yao. Mwenye wimbo akiwepo huwekewa kiti cha mbele, na akiinua mkono, wimbo umekufa. Mchekeshaji hauimbi tena popote.

"Mzee, kuna Mkongo anacheka bibi yako mbele ya watu," nikamwambia.

Mzee akavitazama vidole vyake. "Nipeleke. Na gitaa ubebe. Mimi vidole imekwisha, Jumapili naipatia mtu."

Sikuuliza mtu gani. Ningeulizaje jambo ninalolijua?

Heritier alipomwona mzee kwenye kiti cha mbele, jasho lilimtoka. Alikuja akainama. "Papa Taban, karibu. Mi naimba, we utaamua."

Akaimba:

"Uliondoka bila kuaga, mpenzi, shati langu liko mezani,
upande mmoja umenyooka, upande wa pili unakungoja."

Ukumbi ulilipuka. Mimi sikutazama jukwaa, nilitazama mkono wa mzee. Kwenye ubeti wa pili uliinuka juu. Watu wakanyamaza, Heritier akaacha kuimba hapo hapo, na mimi nikauma midomo nisicheke.

Mzee alisimama polepole. Machozi yalikuwa yanamtiririka. Nilichelewa kutambua kwamba alikuwa anacheka.

"Ngoja kwanza, kijana, mbavu inaniuma," alisema. "Hii wimbo naimba miaka mingi, mimi nalia, watu wanalia, tunaenda nyumbani. Lakini huyu bibi yangu alikuwa anapenda kucheka sana. Sana! Nilikuwa nimesahau." Akajifuta uso kwa kiganja. "Anza tena, tangu mwanzo. Mumbere, leta gitaa. Mpatie."

Nilidhani sikusikia vizuri. Akarudia.

Nikafungua mkoba, nikampa Heritier kwa mikono yangu miwili. Alipitisha kidole kwenye nyuzi, akashtuka.

"Kaka, hizi ni mpya?"

"Mpya," nikasema.

Nilikuwa nimezifunga mwenyewe asubuhi ile, moja moja, nikiimba.