Kufuli la Bweni

Ngo. Kimya. Ngo. Hakujapambazuka bado, mama akasikia gongo la bintiye likigonga sakafu kuelekea jikoni, akajua usingizi umemkimbia tena. Alijifanya amelala. Mtoto yule hakupenda kuonewa huruma kabla hajanawa uso.

Asubuhi hiyo walikuwa na miadi na wakili. Muhula uliopita godoro lilishika moto bwenini usiku, na mlango ulikuwa umefungwa kwa kufuli kwa nje. Wasichana wakaruka nje kupitia dirishani. Binti yake, waliyemwita Sindano kwa wembamba wake, alianguka vibaya, na mguu ukaunga ukiwa umepinda. Daktari alisema unaweza kunyooshwa kwa upasuaji, ila usicheleweshwe. Cherehani ya mama isingeweza kulipia upasuaji huo hata akishona usiku na mchana.

Wakili alikuwa kijana mpole. Aliweka stuli chini ya mguu wa Sindano bila kuombwa. Mama akaliona hilo, akamwamini nusu kabla hajasema neno.

"Hivi kweli mwanafunzi anaweza kuishtaki shule?" mama aliuliza. "Wenzangu wananicheka. Wanasema nitaota mvi mahakamani."

"Anaweza, mama. Bado ni mdogo, kwa hiyo wewe utafungua kesi kwa niaba yake. Kanuni zinakataza kufungia watoto kwa nje. Lakini kanuni kuvunjwa peke yake hakuleti fidia. Lazima tuonyeshe kwamba ameumia kwa sababu ya kufuli lile, na kwamba ni shule iliyotaka lifungwe."

"Si kila mtu anajua?"

"Shule inasema kufuli lile ni kiherehere cha matroni wa bweni. Wamemfukuza. Akisema aliagizwa, hawana pa kujificha. Akinyamaza, kesi italegea."

Sindano aliinua kichwa. "Matroni simtaki mahakamani. Nilipougua alilala sakafuni kando ya kitanda changu."

"Na ndiye aliyekufungia," mama akasema, kwa ukali uliomshtua mwenyewe.

Hata hivyo walikwenda. Matroni sasa alipiga pasi nguo za watu katika chumba kimoja nyuma ya maduka. Alipowaona, aliisimamisha pasi.

"Karibuni. Kama mmekuja kunitukana, kaeni kwanza. Matusi ya kusimama yanachosha."

Mama alikuwa na maneno yake tayari tangu njiani. Lakini matroni alishapiga magoti, akawa anapapasa ule mguu taratibu, na Sindano, asiyemruhusu hata mama yake kuugusa, akamwacha.

"Nani alikuambia ufunge?" mama aliuliza.

"Mkuu wa shule. Wasichana walikuwa wanatoroka. Akasema nikiacha wazi nitafute kazi kwingine. Akisafiri, niliacha wazi. Siku ile alikuwepo. Nilikimbia na ufunguo, mama Sindano. Ukaniponyoka gizani."

"Utayasema hayo mbele ya hakimu?"

"Nikisema, nimekiri kwa mdomo wangu kwamba nilifunga. Shule gani itanichukua tena? Na watoto ndio kazi ninayoijua."

Hasira aliyokuja nayo mama haikupata pa kukaa, na mguu wa mwanawe ulikuwa pale pale, mapajani mwa yule mwanamke.

"Basi usiseme, matroni," Sindano alisema polepole. "Nimeshazoea kutembea hivi."

"Hujazoea. Usinidanganye mimi, nimekulea." Matroni aliinuka. Alilitazama shati lililokuwa halijanyooshwa. Kisha akamgeukia mama. "Mwambie wakili nitakuja. Naogopa, lakini nitakuja."

Mama alitaka kumshukuru, akaona shukrani ni ndogo mno. Akamwekea tu mkono begani.

Matroni aliwasindikiza mpaka mlangoni, akamrekebishia Sindano ukosi wa gauni.

"Uje tena, mwanangu," akasema. "Tukishinda, tukishindwa, wewe uje tu."