Kijiko cha Mrusi

Kile kijiko chekundu cha mti kilitundikwa ukutani, juu ya televisheni, tangu tuhamie Arlington, huku ughaibuni. Wilbroad, mume wangu, alikuja nacho kutoka Urusi alikosomea. Alisema alimbeba mzee mgonjwa mgongoni, kwenye theluji, hadi mlangoni kwake, na yule mzee kwa kukosa cha kumlipa akampa kijiko. Ndiyo hadithi aliyomsimulia baba yangu siku ya posa. Baba alikuwa amekwisha kuwakataa wachumba wawili. Kwa Wilbroad alisema, "Aliyembeba mzee asiyemjua hatamtupa binti yangu."

Jumapili moja ya mwaka 1998 Baba alikuwa kwetu, amekuja kututembelea kutoka Bukoba. Tulitoka kanisani, tukala, nikawasha televisheni. Palikuwa na mchezo wa kuigiza uliotokana na hadithi ya zamani ya Kirusi. Theluji tupu, na kijana amembeba mzee mgongoni.

"Mama Queen, weka mpira," Wilbroad aliniambia, upesi mno.

Rimoti nilikuwa nayo mimi, na mpira sikuuweka.

"Wanasema nini?" Baba aliuliza. Kiingereza hakijui. "Wilbroad, nitafsirie."

"Anasema bado ni mbali, Baba."

"Enhe."

Kijana alifika mlangoni. Mzee akapapasa mfukoni, akatoa kijiko cha mti. Baba akainua macho hadi ukutani, kisha akayashusha kwa mkwe wake. Wanasema njia ya mwongo ni fupi; hii ilichukua miaka kumi na miwili.

"Hapo anasemaje?"

"Anasema hana kingine cha kumpa."

Nilitaka Baba amfokee. Kumbe nilikuwa nimeolewa na hadithi ya watu.

Mchezo ulipokwisha Baba aliegemeza mkongojo wake ukutani. Asubuhi ile, tukienda kanisani, alikuwa ameshuka ngazi zetu zote kwa miguu yake, akakataa hata kushikwa mkono.

"Magoti yananiuma," alisema. "Nataka kupunga upepo huko chini. Nibebe."

Wilbroad akachuchumaa mbele ya kiti. Baba akamshika shingoni. Walipopita kando ya televisheni alinyoosha mkono, akakichomoa kijiko, akakitia mfukoni mwake.

Niliwasikia wakishuka ngazi moja moja, Wilbroad akihema. Walipofika chini Baba akatuliwa.

"Haya, shika," Baba alisema. "Sasa ni chako."